Sinan, fundi aliyehangaika na nguzo za msikiti

Tangu Maulidi kumalizika, kamati ya msikiti wa mtaani kwetu imekutana mara tatu na haijaafikiana. Msikiti wenyewe ni mdogo, wa mawe ya matumbawe na chokaa, dari la boriti, na nguzo nne nene katikati. Ukichelewa Ijumaa ukaangukia nyuma ya nguzo, khutba utaisikia lakini khatibu hutamuona. Vijana wanataka ubomolewe ujengwe mpya. Katika kikao cha mwisho mmoja wao alitoa simu akatuzungushia picha ya msikiti wa Istanbul, kuba juu ya kuba na minara sita, akasema hivi ndivyo tunavyotaka, kama alivyojenga Sinan. Mzee mmoja akauliza huyo Sinan ni nani. Akajibiwa kwamba ni yule wa kwenye tamthilia ya Kituruki.

Sikutaka kubishana pale. Lakini picha ile haikuwa ya msikiti wa Sinan. Ulikuwa msikiti wa Sultan Ahmed, ulioanza kujengwa mwaka 1609, na Sinan alikuwa amefariki miaka 21 kabla. Aliyeujenga ni Mehmed Ağa, aliyekuwa mwanafunzi wake. Nikaona basi safu ya leo nimueleze mtu huyu kwa ukamilifu kidogo, maana kama tutamtaja kwenye vikao vya kubomoa, ni haki tumjue.

Sinan alizaliwa karibu mwaka 1490 katika kijiji cha Ağırnas, karibu na mji wa Kayseri, katikati ya nchi ambayo leo ni Uturuki. Wazazi wake walikuwa Wakristo. Kama walikuwa Waarmenia au Wagiriki, wanahistoria bado wanavutana. Wakati ule dola ya Uthmaniya ilikuwa na desturi iliyoitwa devshirme: maafisa wa Sultani walipita vijiji vya Wakristo wakichagua wavulana wenye afya na akili, wakawachukua, wakasilimishwa na kufundishwa kazi za dola. Sinan alichukuliwa karibu mwaka 1512, naye wakati huo alikuwa kijana tayari, si mtoto mdogo.

Hili tusilipite kama halipo. Kijana aliondolewa kwa wazazi wake kwa nguvu. Wapo wanaopenda kusimulia utukufu wa dola ile wakaruka ukurasa huu, kama vile sisi tunavyosifu majumba ya mawe ya Lamu na Mombasa bila kuuliza nani aliyabeba mawe yale kutoka pwani. Mifumo hiyo miwili haikuwa sawa, maana mvulana wa devshirme aliweza kupanda hadi kuwa waziri mkuu na wengine walifika huko. Lakini mama aliyebaki kijijini alilia vilevile.

Alifundishwa useremala, kisha akaingia jeshi la Janisari, askari maalumu wa Sultani. Hapo ndipo shule yake halisi ilipoanza. Alikwenda vitani Belgrade mwaka 1521, Rhodes mwaka 1522, Mohács huko Hungaria mwaka 1526, kisha Iraki mpaka Baghdad katika miaka ya 1534 na 1535. Kila walikopita aliona majengo: misikiti ya Waseljuki, makanisa ya Wagiriki, ngome, hamamu, madaraja ya Warumi. Na kila walikokwama, yeye ndiye aliyeitwa. Kwenye ziwa Van aliunda merikebu kwa muda mfupi ili jeshi lipate habari za adui ng'ambo. Mwaka 1538 jeshi lilifika mto Prut, ukingo wote tope, na waliotangulia kujenga daraja liliwazamia. Sinan alilisimamisha la mbao kwa siku 13, jeshi likavuka.

Mwaka uleule au uliofuata, mkuu wa wasanifu wa Sultani alifariki, na Sinan akateuliwa mahali pake. Alikuwa na umri wa miaka 50 hivi. Yeye mwenyewe alipokuwa mzee sana alimsimulia mshairi Mustafa Sâi maisha yake, na humo anakiri kwamba aliona uzito kuiacha njia ya jeshi aliyoizoea, ila alitamani kujenga misikiti. Nami niliye katikati ya arobaini zangu, habari hii hunipa moyo. Mtu ambaye dunia nzima inamjua kwa kujenga hakuanza kazi hiyo kwa ukamilifu mpaka alipofika umri ambao kwetu tayari unaitwa mzee na kuachiwa kiti.

Ili tuelewe alichofanya, turudi kwenye zile nguzo nne za mtaani kwetu. Kwa nini zipo? Kwa sababu ya boriti. Mti wa mkoko haufiki mbali. Ukishapita kama mita tatu unaanza kupinda kwa uzito wa mawe na chokaa ya dari. Ndiyo maana vyumba vya nyumba zetu za kale ni virefu na vyembamba, na ndiyo maana misikiti ya kale ya Pwani ina safu za nguzo, mingine nguzo ikiwa imekaa usawa wa kibla hasa. Babu zetu hawakukosa akili. Walijenga kwa mti walionao.

Shida hii ni ya tangu mwanzo wa Uislamu. Msikiti wa Mtume, rehema na amani zimshukie, kule Madina ulisimama juu ya magogo ya mitende, ukaezekwa kwa makuti yake. Misikiti mikubwa iliyofuata iliongeza nguzo: ule wa Córdoba huko Andalusia ni msitu wa nguzo mamia kwa mamia. Waturuki nao walipoanza kujenga kwa kuba, hawakuthubutu kuifanya kubwa. Msikiti mkuu wa Bursa, uliojengwa mwishoni mwa miaka ya 1300, una kuba 20, na ili zisimame ndani mna nguzo 12 nene. Katikati ya miaka ya 1400, huko Edirne, wakajaribu kuba moja ya upana wa mita 24. Hatua kubwa, lakini ni nzito na ndani pana kiza.

Na hapohapo Istanbul lilikuwepo jengo lililokuwa likiwacheka. Ayasofya ilijengwa na mfalme Justinian wa Warumi wa mashariki kati ya mwaka 532 na 537, kuba yake upana wa mita 31 hivi. Ilianguka mwaka 558 baada ya matetemeko, ikajengwa upya, na kwa karibu miaka elfu moja hapakutokea wa kuifikia. Baada ya mji kutekwa mwaka 1453 ikawa msikiti. Sinan alisali chini ya kuba ile. Anasimulia kwamba mafundi wa Kikristo walikuwa wakisema Waislamu hawawezi kujenga kuba kama hiyo, na maneno yale yalimkaa moyoni miaka yote.

Jawabu lake la kwanza lilitoka katika msiba. Mwaka 1543 mwana mpendwa wa Sultan Suleiman, Mehmed, alifariki kijana wa miaka 20 na ushei, na baba yake akaamuru ujengwe msikiti kwa jina lake. Sinan aliweka kuba katikati, na pande zote nne akaiegemeza kwa nusu kuba, kama mtu aliyeshikwa mabega na ndugu wanne. Uzito unashuka kutoka kuba kwenda nusu kuba, kwenda matao, kwenda kuta, mpaka ardhini. Zilibaki nguzo nne tu, nene kweli, lakini nne kwa jumba zima. Ulimalizika mwaka 1548. Watu waliustaajabia, ila yeye baadaye aliuita kazi yake ya uanagenzi.

Kisha ukaja Süleymaniye, uliojengwa kati ya mwaka 1550 na 1557 kwa Sultan Suleiman mwenyewe. Hapa niwaombe subira, maana hapa ndipo nilipokusudia kufika.

Kuba yake ina upana wa mita 26 na nusu hivi, na kilele chake kiko mita 53 kutoka sakafuni. Nguzo nne kubwa za mawe ya itale zililetwa kila moja na safari yake: moja Aleksandria, moja Baalbek huko Sham, na mbili za humohumo Istanbul. Minara ni minne na roshani za muadhini jumla yake ni kumi. Husemwa kwamba Suleiman alikuwa Sultani wa nne tangu kutekwa Istanbul na wa kumi wa ukoo wake. Zile taa za mafuta mamia kwa mamia zilitoa moshi, na moshi ukipakaa kuta. Husimuliwa kwamba Sinan alipanga mikondo ya hewa ukusanyike kwenye chumba juu ya mlango, na masizi yake yakatengenezewa wino wa kuandikia.

Iko hadithi nyingine inayopendwa mitandaoni, kwamba wakati wa ujenzi Sultani aliambiwa Sinan amekaa katikati ya msikiti anavuta kiko cha maji, akaja mbio kwa hasira, akakuta kiko hakina tumbaku. Sinan alikuwa akisikiliza mlio wa maji apime sauti inavyozunguka ukumbini. Hadithi tamu, bahati mbaya tumbaku ilifika Istanbul karibu mwaka 1600, miongo kadhaa baadaye. Aliyosimulia mwenyewe kuhusu hasira ya Sultani ni mengine. Mahasidi walimwambia Suleiman kwamba kuba haitasimama na fundi amepumbaa. Sultani akaja, akamkuta ameshughulika na marumaru, akamuuliza kwa ukali kazi itakwisha lini. Sinan akajibu miezi miwili. Watu waliokuwepo wakaona amerukwa na akili kwa hofu. Akakusanya kila fundi aliyeweza kupatikana, usiku na mchana, na miezi miwili ilipotimia akakabidhi ufunguo. Sultani hakufungua. Alimrudishia Sinan ufunguo afungue yeye, kwa kuwa ndiye anayestahiki.

Madaftari ya malipo ya ujenzi ule yamehifadhiwa mpaka leo, kila fundi na ujira wake. Karibu nusu ya mafundi walikuwa Wakristo. Msikiti mkubwa wa dola ya Kiislamu, na nusu ya mikono iliyouinua ilikwenda kanisani Jumapili. Wanaosema kazi ya msikiti haifai kuguswa na asiye Muislamu, na tuliwasikia hata kikaoni kwetu, wakawasomee daftari hizo.

Lakini picha za simu huonyesha kuba na minara peke yake. Hazionyeshi kilichouzunguka Süleymaniye. Palikuwa na madrasa kadhaa, skuli ya watoto, chuo cha utabibu, hospitali, hamamu, nyumba ya wasafiri, na jiko kubwa lililopika kila siku kwa wanafunzi, wasafiri na maskini. Vyote hivyo viliendeshwa kwa wakfu: mapato ya maduka, mashamba na vijiji yalitengwa ili jiko lisizime moto. Mchoro mmoja uliotoka kwa fundi mmoja ulikuwa na kibla na sufuria ndani yake. Sisi tunachanga miaka kumi kwa ajili ya kuba, na tukimaliza, bili ya stima inatushinda.

Na maji. Tunaonunua mtungi kwa mkokoteni tutalielewa hili zaidi ya wengine. Mji wa Istanbul ulikuwa umekua kuliko visima vyake. Kuanzia mwaka 1554 Sinan alijenga mfumo uitwao Kırkçeşme, kilomita 55 hivi za mifereji, ukivuka mabonde juu ya matao ya mawe. Mwaka 1563 mafuriko makubwa yalivunja sehemu ya kazi ile, naye akaijenga tena. Tao la Mağlova, lenye kimo cha mita 36 hivi, bado limesimama. Wapo wanaojua majengo wanaoliweka sawa na misikiti yake, nami kutoka mbali huku nakubaliana nao.

Suleiman alifariki vitani mwaka 1566. Mwanawe Selim wa Pili akataka msikiti wake huko Edirne, na hapo Sinan, akiwa na umri wa miaka karibu 80, akapata nafasi ya kumaliza deni lake na Ayasofya. Selimiye ulijengwa kati ya mwaka 1568 na 1575. Safari hii aliziacha zile nguzo nne. Akaweka nane, nyembamba zaidi, akazisukuma pembeni karibu na kuta mpaka jicho halizihesabu tena, na juu yake kuba moja ya mita 31 na zaidi kidogo. Ukisimama popote unaona kila kitu. Tajiri wa safu ya mbele na mchukuzi wa safu ya mwisho, mlangoni, wote wanamuona imamu yuleyule chini ya paa lilelile. Minara minne myembamba inapanda zaidi ya mita 70, na baadhi yake ndani ina ngazi tatu zinazozungukana, watu watatu wakipanda pamoja bila kuonana mpaka juu.

Huo ndio aliouita kazi ya ustadi wake, baada ya uanagenzi na ufundi. Alijisifu pia kwamba ameipita Ayasofya kwa upana na kwa kina. Kwa vipimo vya leo kuba hizo mbili ziko karibu sawa, na ile ya Ayasofya iko juu zaidi kutoka sakafuni. Mzee wa miaka 80 tumsamehe dhiraa mbili tatu.

Linalonigusa zaidi ni alilolitenda jengo lile alilokuwa akishindana nalo. Miaka ileile ya 1570, kuta za Ayasofya zilikuwa zimechoka na watu walikuwa wamejenga vibanda na nyumba kuizunguka, wengine wakichimba kuta zake. Sinan alishughulikia kuondolewa kwa vibanda hivyo, akajenga nguzo kubwa za nje za kuziegemeza kuta, akashiriki kuiongezea minara. Angeweza kuiacha ianguke, na jina lake likabaki peke yake. Wahandisi wengi wanasema imefika kwetu kwa sababu ya kazi kama ile.

Katika miaka hiyohiyo, Sultan Selim aliamuru mapaa bapa ya mbao katika viambaza vya Msikiti Mtukufu wa Makka yaondolewe na kuwekwa kuba ndogondogo za mawe. Mpango huo hunasibishwa na Sinan, ingawa waliosimamia kazi kule walikuwa wengine. Wazee wetu waliohiji kwa meli walisali chini ya kuba zile bila kulijua jina lake.

Jumla ya majengo yanayohesabiwa kuwa yake inapita 300: misikiti, madrasa, madaraja, makaburi, hamamu. Hakuyasimamia yote kwa mkono wake. Alikuwa na ofisi kubwa ya mafundi. Daraja la Višegrad huko Bosnia, la mwaka 1577, alilijenga kwa amri ya Waziri Mkuu Sokollu Mehmed Pasha, ambaye naye alikuwa mtoto wa Kikristo wa upande huohuo aliyechukuliwa kwa devshirme. Vijana wawili walionyang'anywa kwao, mmoja akaagiza na mwingine akajenga.

Sinan hakusahau kwao. Baada ya kisiwa cha Kupro kutekwa mwaka 1571, dola iliandikisha watu wa Kayseri wahamishiwe huko kwa lazima. Ilitoka amri kwamba jamaa za Sinan waachwe, na imebaki kwenye kumbukumbu za dola. Mtu aliyechukuliwa miaka 60 nyuma bado alijua ndugu zake ni nani na wako kijiji gani. Katika wakfu wake pia aliacha chemchemi ya maji huko Ağırnas.

Alifariki mwaka 1588, akikaribia miaka 100, akiwa bado kazini. Mwisho wa mwaka huo nahodha wa Kituruki, Mir Ali Bey, alikuwa akijiandaa kutoka Yemen kuja Mombasa mara ya pili. Watu wake walijenga ngome ndogo kisiwani, lakini mwaka 1589 Wareno walimkamata. Miaka minne baadaye, 1593, Wareno wakaanza Ngome yetu ya Yesu, kwa mchoro wa Cairati, Mtaliano wa Milano. Kwa hivyo watu wa dola ya Sinan walifika hapa, ila wakati ule haikuwa kwa kujenga misikiti. Kuba sisi tulikuwa nazo: msikiti mkuu wa Kilwa ulikuwa na kuba za mawe ya matumbawe kabla Sinan hajazaliwa. Hili nalo nitalipeleka kwenye kikao kijacho.

Mwaka 1935, serikali ya Uturuki wa wakati ule ikitafuta kuthibitisha asili za watu, kaburi lake lilifunguliwa fuvu lipimwe, ijulikane kama alikuwa Mturuki wa damu. Mtu aliyejenga kwa mikono ya mataifa yote, akaja kupimwa kichwa.

Kaburi hilo alilichora mwenyewe. Ni dogo, liko nje kabisa ya ukuta wa Süleymaniye, kwenye pembe ambapo njia mbili zinakutana. Hakujiwekea kuba kubwa. Kwenye ncha ya ile pembe aliweka sabili, dirisha la maji, ili anayepita njia akiwa na kiu asimame anywe.